Jaji Asiyeweza Kufutwa na Jirani Zake

Ukikaa na vikundi vyetu siku ya mkutano, mambo ya korti hayakosi kuingia. Mmoja atasema kesi ya shamba imemmaliza kwa nauli, kwa sababu korti iko mbali na kila akifika anaambiwa arudi mwezi ujao. Mwingine atamjibu kwamba hata ikiletwa hapa sokoni haitasaidia, maana jaji akihamia hapa atakunywa chai na wale wale waliomnyang'anya shamba. Wote wawili wanasema kweli. Korti ya mbali humchosha maskini, na korti ya karibu inaweza kutiwa mfukoni na wakubwa wa karibu.

Shida hii si ya Kenya peke yake. Wamarekani wamehangaika nayo tangu mwaka wa 1789. Njia waliyoifikia, baada ya kujaribu na kurudi nyuma mara kadhaa, ni kuweka mahakama katika kila eneo, na jaji awe mtu wa eneo hilo, lakini kazi yake na mshahara wake vilindwe na sheria ambayo watu wa eneo hawawezi kuigusa. Katika makala hii tutaeleza jinsi mpango huo ulivyojengwa. Kisha tutaona jinsi ulivyotiwa motoni katika mji wa Montgomery, ambako watu waliojipanga makanisani, kwa michango yao wenyewe, walikataa kupanda basi kwa siku 381.

Serikali mbili, korti mbili

Kwanza tuelewane. Marekani ni shirikisho la majimbo, na leo majimbo hayo ni 50. Kila jimbo lina gavana, bunge, polisi na mahakama zake. Usifikirie kaunti zetu. Jimbo la kule lina nguvu kuliko kaunti, hata sheria za wizi na mauaji linajitungia lenyewe. Juu ya majimbo iko serikali ya shirikisho, ile ya Washington, nayo ina mahakama zake. Kwa hiyo katika mji mmoja utakuta korti mbili, pengine kwenye barabara moja: ya jimbo na ya shirikisho.

Kesi nyingi za kila siku, kama talaka, deni, mipaka ya mashamba na ugomvi wa baa, huenda kwa korti ya jimbo. Korti ya shirikisho hushughulikia mambo ya Katiba ya nchi nzima, sheria zilizotungwa na bunge la Washington, na baadhi ya kesi kati ya watu wa majimbo tofauti.

Lakini tofauti kubwa iko kwa majaji wenyewe. Katika majimbo mengi jaji huchaguliwa kwa kura, kama vile sisi tunavyomchagua mbunge. Kila baada ya miaka kadhaa lazima arudi kwa wananchi kuomba kura. Jaji wa shirikisho haombi kura kwa mtu. Rais humteua, Seneti humkubali au humkataa, na akishaapishwa anakaa kazini maadamu mwenendo wake ni mwema, hata mpaka kufa akitaka. Mshahara wake hauwezi kupunguzwa akiwa kazini. Kumwondoa, Baraza la Wawakilishi lazima limshtaki na Seneti imtie hatiani. Tangu mwaka wa 1789 wameshtakiwa hivyo majaji 15 tu, na walioondolewa ni wanane. Wa kwanza, John Pickering, aliondolewa mwaka wa 1804. Alikuwa mlevi na akili zake zilikuwa zimeharibika. Muda mfupi baadaye akashtakiwa Samuel Chase wa Mahakama Kuu, ambaye hukumu zake ziliwaudhi wakubwa wa chama kilichotawala. Seneti ilimwachilia mwaka wa 1805, na tangu hapo imeeleweka kwamba jaji haondolewi kwa sababu tu uamuzi wake haukupendeza.

Sisi wenyewe tulionja jambo hili. Mwaka wa 1988 Bunge letu lilibadilisha Katiba na kuondoa ulinzi wa kazi ya majaji wa Kenya. Mawakili na viongozi wa makanisa walipiga kelele, na mwaka wa 1990 ulinzi huo ukarudishwa. Chini ya Katiba ya 2010 jaji wetu hustaafu akifikisha miaka 70, na kumwondoa kabla ya hapo lazima jopo maalum limchunguze.

Majaji wa farasi

Korti za maeneo za Marekani huitwa kwa jina la "mzunguko". Mzunguko wa Kwanza, wa Pili, na kuendelea. Wanakikundi wakisikia mzunguko wanafikiria ile pesa inayopita kwa kila mwanachama kwa zamu, na kwa kweli hawajaenda mbali na maana yake. Mwanzoni jaji mwenyewe ndiye aliyezunguka.

Sheria ya tarehe 24 Septemba 1789 iliunda Mahakama Kuu yenye majaji sita na kuigawa nchi katika wilaya 13. Wilaya nyingi ziliwekwa katika mizunguko mitatu: ya Mashariki, ya Kati na ya Kusini. Mara mbili kila mwaka majaji wawili wa Mahakama Kuu walitakiwa kuzuru kila mzunguko, waketi pamoja na jaji wa wilaya na kusikiliza kesi. Wamethodisti wa kule walikuwa na wahubiri wao waliopanda farasi kutoka kijiji hadi kijiji. Sasa serikali nayo ikawa na majaji wa namna hiyo. Nia ilikuwa njema. Mwananchi asifunge safari ya wiki tatu kutafuta haki, na jaji mkubwa ajionee kwa macho jinsi watu wanavyoishi.

Ila barabara hazikuwako. Majaji walivuka mito iliyofurika, magari ya farasi yalipinduka, na usiku walilala katika nyumba za wageni ambako mtu hulazimika kulala kitanda kimoja na asiyemjua. Jaji James Iredell wa North Carolina, aliyeangukiwa mara nyingi na Mzunguko wa Kusini, ule mrefu kupita yote, alilalamika sana juu ya safari hizo. Alifariki mwaka wa 1799 akiwa na miaka 48. Mwaka wa 1792 majaji waliiandikia serikali kuomba mzigo upunguzwe. Mwaka uliofuata sheria ikasema jaji mmoja wa Mahakama Kuu anatosha kila mzunguko badala ya wawili.

Kulikuwa na kasoro nyingine, na mtu yeyote aliyewahi kukata rufaa ataiona mara moja. Jaji alisikiliza kesi akiwa safarini, mwenye kesi akakata rufaa kwa Mahakama Kuu, na alipofika huko akamkuta jaji yule yule kwenye kiti.

Mwaka wa 1801 Rais John Adams, aliyekuwa ameshindwa uchaguzi na anafunga mizigo, alitia sahihi sheria iliyounda mizunguko sita na nafasi 16 za majaji wapya wa mzunguko. Mpango wenyewe ulikuwa wa maana. Lakini Adams alizijaza nafasi hizo kwa watu wa chama chake katika siku za mwisho za utawala wake, na wapinzani wakawaita "majaji wa usiku wa manane". Rais mpya, Thomas Jefferson, na wafuasi wake bungeni waliifuta sheria hiyo mwaka wa 1802. Majaji wa Mahakama Kuu wakarudi kwa farasi. Hapo utaona kwamba kazi ya maisha ina mlango wa nyuma: jaji hafutwi, lakini korti yake inaweza kufutwa. Mlango huo haujatumiwa mara nyingi.

Nchi ikazidi kupanuka. Mwaka wa 1837 mizunguko ilikuwa tisa. Mwaka wa 1863, ulipoongezwa mzunguko wa California na Oregon, reli ya kuvuka nchi ilikuwa haijakamilika, na jaji Stephen Field alifika huko kwa meli akipitia Panama. Mwaka wa 1869 kila mzunguko ulipata jaji wake wa kudumu. Kisha tarehe 3 Machi 1891 ikapitishwa sheria iliyounda mahakama za rufaa za mizunguko, kwa sababu Mahakama Kuu ilikuwa imezikwa na mafaili na watu walingoja miaka kadhaa. Tangu hapo rufaa nyingi za shirikisho huishia katika mzunguko, na ni chache tu zinazofika Washington. Leo kuna mahakama 12 za rufaa za maeneo, pamoja na moja ya kesi maalum kama za hataza. Chini yake ziko korti za wilaya 94. Rufaa husikilizwa na majaji watatu kwa pamoja.

Muhimu kwa hadithi inayofuata ni huu Mzunguko wa Tano. Ulikuwa na majimbo sita ya Kusini: Texas, Louisiana, Mississippi, Alabama, Georgia na Florida. Makao yake yalikuwa New Orleans. Hiyo ndiyo nchi ya pamba, nchi iliyokuwa na watumwa mpaka vita vya wenyewe kwa wenyewe vilipokwisha mwaka wa 1865, na baadaye ikatunga sheria za kumtenga mtu mweusi shuleni, hospitalini, kwenye bomba la maji na ndani ya basi.

Kina mama wa Montgomery

Tarehe 2 Machi 1955, mjini Montgomery, Alabama, msichana wa shule wa miaka 15, Claudette Colvin, alikataa kumpisha abiria mzungu kiti. Polisi wawili walimburuta nje ya basi. Miezi tisa baadaye, tarehe 1 Desemba, mshonaji Rosa Parks naye alikataa na akakamatwa. Usiku huo huo mwalimu Jo Ann Robinson na wenzake wa chama cha wanawake walichapa maelfu ya vikaratasi vya kuwaomba watu wasipande basi Jumatatu. Jumatatu, tarehe 5, mabasi yakatembea karibu matupu. Jioni watu walijaa katika kanisa la Holt Street, na chama kipya kilichoundwa mchana huo kikamweka mbele mchungaji kijana wa miaka 26, Martin Luther King.

Jina la King linajulikana. Tungependa vikundi vyetu vijue pia habari za Georgia Gilmore. Huyu alikuwa mpishi. Alikusanya kina mama wakapika kuku, samaki na keki, wakauza nyumba kwa nyumba, kwenye saluni na kwa yeyote mwenye njaa, na kila mkutano wakaleta fedha mbele ya kanisa zihesabiwe. Kikundi chao wakakiita Klabu ya Kutoka Popote. Jina hilo lilikuwa na akili: mtu akiulizwa pesa imetoka wapi, anajibu "popote", na hakuna mpishi anayefukuzwa na tajiri wake. Gilmore mwenyewe alifukuzwa kazi baada ya kutoa ushahidi kortini, basi akawa anapika nyumbani kwake.

Pesa hizo zilinunua petroli. Kulikuwa na magari karibu 300 ya watu wa kujitolea, na vituo vya kupandia vilipangwa vizuri kiasi kwamba hata wapinzani walishangaa. Makanisa yalinunua magari makubwa na kuyaandika majina ya makanisa. Kampuni za bima za pale zilipokataa kuyakatia bima, bima ikatafutwa mpaka London. Na wengi hawakungoja gari. Walitembea kwa miguu, kwenda na kurudi, mvua na jua.

Lakini kutembea peke yake hakubadilishi sheria. Viongozi walihitaji korti, na swali lilikuwa, korti gani?

Kesi ya Rosa Parks ilikuwa ya jinai na ilikuwa katika korti za jimbo. Huko majaji walichaguliwa kwa kura, na wapiga kura walikuwa karibu wote wazungu, kwa sababu watu weusi wengi walizuiwa kujiandikisha. Jaji ambaye angempa Parks haki angejua kwamba anaandika barua ya kujiuzulu. Wakili wao, Fred Gray, ambaye pia alikuwa mhubiri na alikuwa na miaka 25 tu, aliona kwamba kesi hiyo inaweza kuzungushwa huko miaka na miaka. Akafanya jambo la busara. Aliiacha kando kesi ya Parks, na tarehe 1 Februari 1956, siku mbili baada ya nyumba ya King kulipuliwa kwa bomu, akafungua kesi mpya katika korti ya shirikisho pale pale mjini. Walalamikaji wa kesi hiyo, wote wanawake waliowahi kudhulumiwa kwenye basi, ni Aurelia Browder, Susie McDonald, Mary Louise Smith na yule msichana Claudette Colvin. Mwingine wa tano aliogopeshwa akajitoa.

Korti ya jimbo nayo haikulala. Mwezi huo huo karibu watu 90 walishtakiwa chini ya sheria ya mwaka wa 1921 iliyokataza kugomea biashara ya mtu bila sababu ya haki. King ndiye aliyetangulia kusimamishwa. Tarehe 22 Machi alipatikana na hatia, akaambiwa alipe dola 500 pamoja na gharama za kesi, au afungwe. Mji ni ule ule, jambo ni lile lile, lakini tazama kilichotokea katika korti ya pili.

Majaji watatu

Sheria ya wakati huo ilisema kwamba anayetaka sheria ya jimbo isimamishwe kwa sababu inavunja Katiba lazima asikilizwe na majaji watatu, na mmoja wao atoke mahakama ya rufaa ya mzunguko. Basi waliketi Richard Rives wa Mzunguko wa Tano, Frank Johnson wa wilaya ya Montgomery, na Seybourn Lynne wa kaskazini mwa Alabama. Wote walikuwa wazungu na wote wenyeji wa Alabama. Rives alizaliwa hapo hapo Montgomery mwaka wa 1895, na uwakili aliusomea ofisini kwa wakili, hakumaliza chuo. Johnson alikuwa na miaka 37 na ujaji wake ulikuwa wa miezi michache.

Kesi ilisikilizwa tarehe 11 Mei 1956. Wakili wa mji alitaka kuonyesha kwamba King ndiye anayewachochea watu, akamuuliza Claudette Colvin kiongozi wao ni nani. Msichana akajibu kwamba viongozi wao ni wao wenyewe. Ukiuliza maoni yangu, wakili yule angeacha maswali hapo.

Tarehe 5 Juni uamuzi ukatoka, wawili kwa mmoja. Rives na Johnson walisema kwamba kutenganisha watu kwenye mabasi ya mji kunavunja Katiba. Walifuata njia ya uamuzi wa Mahakama Kuu wa mwaka wa 1954 uliokataza kutenga watoto shuleni. Lynne alipinga, aliona kwamba uamuzi wa 1954 ulihusu shule tu na kwamba mambo ya basi ni ya jimbo. Mji ukakata rufaa.

Tarehe 13 Novemba King alikuwa ameketi katika korti ya jimbo. Mji ulikuwa umeomba amri ya kuyazuia magari ya makanisa, na ilikuwa wazi kwamba jaji ataitoa. Na aliitoa, siku hiyo hiyo. Lakini kabla kikao hakijakwisha mwandishi wa habari alimpitishia King karatasi: Mahakama Kuu kule Washington imekubaliana na Rives na Johnson. Amri yenyewe iliwasili Montgomery tarehe 20 Desemba. Kesho yake watu walipanda basi na kukaa popote walipotaka.

Sasa turudi kwa majaji. Rives aliendelea kuishi katika mji ule. Marafiki wa miaka mingi walimkwepa barabarani, na kaburi la mwanawe, aliyekufa kijana katika ajali ya gari mwaka wa 1949, likapakwa rangi na kutupiwa takataka. Johnson alichomewa msalaba mbele ya nyumba yake, na mwaka wa 1967 nyumba ya mama yake ililipuliwa kwa bomu; kwa rehema za Mungu mama hakuumia. Wenzao wangeweza kuwachukia, kuwatukana na kuwatisha. Lakini hawakuweza kuwapigia kura ya kuwatoa, wala kuwakatia mshahara. Mwaka wa 1965 ni Johnson huyo huyo aliyetoa amri ya kuruhusu maandamano ya kutoka Selma mpaka Montgomery kudai haki ya kupiga kura.

Rives na wenzake watatu wa Mzunguko wa Tano, Elbert Tuttle wa Atlanta, John Brown wa Houston na John Minor Wisdom wa New Orleans, waliitwa na jaji mwenzao kwa dharau "wale wanne". Jina likawabakia kama sifa. Mwaka wa 1962 Wisdom aliandika uamuzi kwamba James Meredith, mwanajeshi wa zamani, amekataliwa na Chuo Kikuu cha Mississippi kwa sababu tu ni mweusi, na apokelewe. Wakili wa Meredith alikuwa mama mmoja hodari, Constance Baker Motley, ambaye mwaka wa 1966 alikuwa mwanamke mweusi wa kwanza kuwa jaji wa shirikisho. Gavana Ross Barnett alisimama mwenyewe kumzuia Meredith. Mzunguko wa Tano ukampata na hatia ya kudharau mahakama na kutishia kumtoza dola 10,000 kwa kila siku ya ukaidi.

Hapo pia tunaona mwisho wa nguvu za jaji. Jaji hana askari. Rais Kennedy alilazimika kupeleka jeshi, na katika ghasia za usiku wa tarehe 30 Septemba watu wawili walikufa. Asubuhi yake Meredith akaandikishwa, na mwaka wa 1963 alipata digrii yake.

Panga linakata kuwili

Mtu asidhani kazi ya maisha humfanya kila jaji kuwa mwema. Mwaka wa 1961 Kennedy, akitaka kumridhisha seneta mkubwa wa Mississippi, alimteua Harold Cox kuwa jaji wa wilaya kule. Mwaka wa 1964 Cox, akiwa kitini, aliwatukana watu weusi waliokuja kujiandikisha kupiga kura, akawafananisha na wanyama. Huyo naye hakuweza kufutwa, na alikaa kazini mpaka uzeeni. Kilichowaokoa watu ni ngazi ya juu: Mzunguko wa Tano ulitengua maamuzi yake mara kwa mara. Ajabu ni kwamba mwaka wa 1967, mbele ya Cox huyo huyo, wazungu saba walipatikana na hatia katika kesi ya vijana watatu watetezi wa haki waliouawa Mississippi, naye akawafunga.

Ndiyo sababu vita vya kisiasa vya Marekani juu ya uteuzi wa majaji ni vikali sana mpaka leo. Rais hukaa miaka minne au minane, lakini jaji aliyemteua anaweza kuamua kesi kwa miaka 30.

Na mipaka ya mzunguko nayo si mchoro tu kwenye ramani. Katika miaka ya 1960 kulikuwa na pendekezo la kuukata Mzunguko wa Tano vipande viwili, na Wisdom alilipinga kwa nguvu. Aliona kwamba korti yenye majaji wa majimbo sita haitekwi kwa urahisi na hasira za jimbo moja au mawili. Mwishowe, kesi zilipozidi kuwa nyingi, mzunguko uligawanywa tarehe 1 Oktoba 1981. Texas, Louisiana na Mississippi zikabaki katika wa Tano. Alabama, Georgia na Florida zikaingia katika Mzunguko mpya wa Kumi na Moja, wenye makao Atlanta.

Kuna uzi mmoja katika habari hizi unaofika mpaka kwetu. Wakili mkuu aliyeshinda ile kesi ya shule ya 1954 alikuwa Thurgood Marshall. Mwaka wa 1960, kwenye mkutano wa katiba wa Lancaster House, London, alikuwa mshauri wa wajumbe Waafrika wa Kenya na aliwaandalia mswada wa haki za raia. Jambo lililomshughulisha sana ni haki za walio wachache, na safari hii wachache walikuwa Wazungu na Wahindi. Akaandika walindwe, ardhi yao isichukuliwe bila fidia, na mwenye malalamiko awe na korti ya kukimbilia. Mwaka uliofuata Kennedy alimteua kuwa jaji wa Mzunguko wa Pili, New York. Maseneta wa Kusini walimchelewesha karibu mwaka mzima kabla ya kumkubali. Mwaka wa 1967 akawa mtu mweusi wa kwanza katika Mahakama Kuu ya Marekani, akakaa huko mpaka 1991.

Claudette Colvin naye alihamia New York, akafanya kazi ya kuwahudumia wagonjwa kwa miaka mingi. Amri ya mwaka wa 1956 ilibadilisha mabasi, lakini haikugusa kosa alilohukumiwa na korti ya watoto mwaka wa 1955, la kumshambulia polisi. Jina lake lilibaki kwenye faili hilo kwa zaidi ya miaka 60. Mwaka wa 2021, akiwa na miaka 82, aliomba lifutwe, na jaji wa korti ya watoto ya pale pale Montgomery akatia sahihi.